Kanuni Huuliza, Mchezaji Hujibu: Mafunzo kwa Walimu kutoka Futiboli ya Kimarekani ya Zamani

Tumezoea kuwasikia walimu, na hata wakufunzi wenzetu vyuoni, wakisema kwamba kipindi cha michezo ni kipindi cha kupumzisha akili. Darasani, husema, mwanafunzi hufikiri, uwanjani hukimbia. Kauli hiyo imeleta madhara ya pande mbili. Kwa upande mmoja imekifanya kipindi cha michezo kuwa cha kwanza kufutwa mitihani inapokaribia. Kwa upande wa pili, na huu ndio mbaya zaidi, imemfanya mwanachuo anayekwenda kwenye mazoezi ya kufundisha aamini kwamba kazi yake uwanjani ni kupuliza filimbi na kutoa amri, na kazi ya watoto ni kutii.

Katika makala hii tunakusudia kuipinga kauli hiyo kwa mfano mmoja wa kihistoria. Mfano wenyewe unatoka mbali. Ni futiboli ya Kimarekani, mchezo ambao wasomaji wetu wengi hawajapata kuucheza, na ambao hatupendekezi uingizwe katika shule zetu. Tumeuchagua kwa sababu mabadiliko ya sheria zake yanajulikana karibu mwaka kwa mwaka tangu mwanzo, na kwa hiyo twaweza kuona waziwazi jinsi kanuni moja ilivyozaa fikra mpya vichwani mwa wachezaji. Rai yetu ni hii: kanuni ya mchezo, kama sharti la zoezi lolote, ni swali. Mwalimu ajuaye kuuliza kwa njia ya kanuni hupata wanafunzi wanaofikiri. Mwalimu atoaye majibu kwa njia ya amri hupata wanaotii tu. Na mwalimu aulizaye swali baya huweza kuwapata wanaoumia.

Swali la kwanza: mpira ni wa nani?

Tarehe 6 Novemba 1869, mjini New Brunswick katika jimbo la New Jersey, wanafunzi wa Rutgers walishindana na wenzao wa Princeton. Kila upande ulikuwa na wachezaji 25. Hapakuwa na ruhusa ya kuubeba mpira, na Rutgers walishinda kwa mabao 6 kwa 4. Mchezo huo ulikuwa karibu zaidi na kandanda kuliko na futiboli ya Kimarekani tuijuayo leo. Miaka mitano baadaye, mwaka 1874, Harvard walicheza na chuo cha McGill kutoka Montreal, wakaipenda raga ya wageni wao. Na mwaka 1876 baadhi ya vyuo vikubwa vya mashariki ya Marekani vikakubaliana kufuata sheria zilizotokana na raga hiyo.

Sasa katika raga, mchezaji akisha kuangushwa, mpira hugombewa katika msongamano wa wachezaji wa pande zote mbili. Katika siku zile hakuna aliyeweza kutabiri kwa hakika utatokea upande gani. Mahali ambapo hakuna ajuaye nani atakuwa na mpira, mtu huweza kutumaini, lakini ni vigumu kupanga.

Mwaka 1880 Walter Camp wa Yale, kijana wa miaka 21 aliyekuwa bado akiichezea timu ya chuo chake, alifanikiwa kupitisha mabadiliko mawili. Kwanza, wachezaji walipunguzwa kutoka 15 hadi 11 kwa kila upande. Pili, msongamano uliondolewa. Badala yake timu iliyokuwa na mpira ilibaki nao; mchezaji wa katikati aliurudisha nyuma kwa mguu kumpa mwenzake aliyeitwa kwotabeki, na timu nyingine ikangoja upande wake wa mstari. Kwa mara ya kwanza timu ilijua, kabla mchezo haujaanza tena, kwamba mpira ni wake. Hapo ndipo mlango wa mbinu ulipofunguka. Mtu anayejua kwamba zamu ni yake huanza kuifikiria zamu hiyo; mcheza bao atatuelewa bila maelezo zaidi.

Tunaomba msomaji aangalie jambo moja. Mikutano iliyotunga sheria hizo ilikuwa ya wawakilishi wa wanafunzi. Hao waliokaa kujadili kanuni ndio waliotoka kwenda kuzicheza.

Hata hivyo swali la kwanza lilikuwa na kasoro. Lilisema mpira ni wa nani, halikusema mpaka lini. Mwaka 1881 Yale na Princeton walikutana, na Princeton wakaushika mpira kipindi cha kwanza chote bila nia ya kwenda mbele, kisha Yale wakafanya vivyo hivyo kipindi cha pili. Mchezo ukaisha bila bao, na watazamaji wakachukia. Tusiwalaumu wachezaji wale. Walilijibu swali kama lilivyoulizwa. Mara ngapi sisi walimu tumewakasirikia wanafunzi kwa jibu la kivivu ambalo zoezi letu wenyewe liliruhusu?

Dawa ilipatikana mwaka 1882. Timu ilipewa majaribio matatu ya kusogea yadi 5 au kurudi nyuma yadi 10. Isipofanya hivyo, mpira uende kwa wapinzani. Ili kupima, uwanja ulichorwa mistari kila baada ya yadi 5, ukafanana na chuma cha kuokea nyama, na jina hilo la utani unalo hadi leo. Matokeo yalikuwa makubwa. Majaribio matatu yalikuwa mali ya kutumiwa kwa hesabu: je, la kwanza tulitumie kupenya katikati, la pili pembeni, na la tatu kuupiga mpira mbali? Ili watu 11 watende jambo moja kwa wakati mmoja, zikabuniwa ishara za siri, kwanza za maneno na baadaye za namba. Husimuliwa pia kwamba katika miaka ya 1890 wachezaji wa Gallaudet, chuo cha viziwi mjini Washington, walikuwa wakikusanyika duara ili wapinzani wao, ambao nao walijua lugha ya mikono, wasisome mipango yao. Duara hilo hufanywa hadi leo na timu za watu wanaosikia vizuri kabisa.

Hakuna mwalimu aliyesimama kando ya uwanja akawaambia vijana, “Pangeni mbinu.” Waliambiwa: mna majaribio matatu na yadi 5. Mbinu zilitokana na sharti.

Kabari, na gharama yake

Tungependa kusema kwamba kuanzia hapo mambo yalikwenda vema. Historia haituruhusu.

Mwaka 1888 sheria ziliruhusu mwenye mpira kukamatwa chini ya kiuno hadi magotini, na zikawakataza wanaomkinga kunyoosha mikono yao. Mkimbiaji aliyekuwa akizunguka pembeni peke yake sasa aliangushwa kwa urahisi. Wachezaji wakajibu kwa kusogeleana bega kwa bega na kusukuma kama mwili mmoja. Jibu hilo lilifikia kilele chake tarehe 19 Novemba 1892 mjini Springfield, Massachusetts, Harvard walipopambana na Yale. Aliyelibuni alikuwa Lorin Deland, mpenzi wa sataranji na msomaji wa vita vya Napoleon, ambaye hakupata kuucheza mchezo huo. Kwa fikra zake, mwanzoni mwa kipindi cha pili wachezaji wa Harvard walijigawa makundi mawili nyuma ya mpira, kushoto na kulia, wakaanza mbio kabla mpira haujachezwa, wakakutana kwa kasi na kufanya umbo la kabari, mwenye mpira akiwa nyuma ya ncha yake. Nguvu yote ya timu ilielekezwa mahali pamoja, yaani kwa mchezaji mmoja wa Yale aliyekuwa amesimama.

Harvard walishindwa siku hiyo kwa pointi 6 kwa 0. Hata hivyo kabari ile ilishangaza watu kiasi kwamba mwaka uliofuata iliigwa kila mahali, kisha mwaka 1894 ikapigwa marufuku.

Kwa kipimo cha hesabu tupu, kabari ya Deland ni kazi nzuri. Lakini tuitazame kwa jicho la mwalimu. Mpango huo ulitungwa nje ya uwanja na mtu ambaye mwili wake haukuwamo hatarini. Waliomo uwanjani walihesabiwa kama uzito na mwendo. Aliyesimama mbele ya ncha hakuulizwa lolote. Hapa ndipo tunapotofautiana na wale wanaosifu kila ufundishaji unaochangamsha akili. Akili inaweza kuchangamka katika kutafuta njia ya kumvunja mwenzako. Haitoshi kuuliza kama zoezi linawafanya watoto wafikiri. Yatupasa kuuliza wanafikiri nini, na nani analipa gharama ya jibu lao.

Isitoshe, kuikataza kabari hakukuponya ugonjwa. Wachezaji waliendelea kubuni aina nyingine za kusukumana kwa umati, kwa sababu swali lenyewe halikubadilika. Maadamu lilikuwa yadi 5 kwa majaribio matatu, njia ya mkato ilikuwa kujikusanya na kusukuma. Katika msimu wa 1905 zilihesabiwa habari za vifo takriban 18, na wengi wa waliokufa walikuwa vijana wa shule za sekondari, waliowaiga wakubwa wao wa vyuoni. Rais Theodore Roosevelt aliwaita wawakilishi wa Harvard, Yale na Princeton katika Ikulu ya Marekani tarehe 9 Oktoba 1905. Mwezi wa Desemba mwaka huohuo Henry MacCracken, mkuu wa Chuo Kikuu cha New York, aliviita vyuo vingine katika mkutano, na kutokana na juhudi hizo kikazaliwa chama ambacho tangu 1910 kinajulikana kama NCAA.

Swali lilipobadilishwa

Watu wa wakati ule walikuwa na njia mbili. Wengine waliuacha mchezo: Columbia waliufuta, na vyuo vya Stanford na California vikahamia raga. Wengine waliona kwamba mchezo uliweza kupona kama swali lake lingegeuzwa.

Mwaka 1906 waliligeuza. Badala ya yadi 5, timu ilitakiwa kusogea yadi 10 kwa majaribio yaleyale matatu. Mistari ya wapinzani ilitenganishwa kwa nafasi ya urefu wa mpira. Na jambo lililokuwa mwiko likaruhusiwa: kuutupa mpira mbele. Yadi 5 zaweza kupatikana kwa kusukuma, lakini yadi 10 ni vigumu. Timu ililazimika kuutafuta uwanja mpana, mbali na msongamano. Camp mwenyewe, ambaye wengi humwita baba wa mchezo huo, aliipenda kanuni ya yadi 10 lakini hakuipenda pasi ya mbele. Hata mtunga maswali hodari huweza kuliogopa swali jipya.

Pasi yenyewe ilifungwa kwa masharti makali. Mpira ukianguka chini bila kuguswa na mchezaji yeyote, ulikuwa mali ya wapinzani. Kwa sababu hiyo timu nyingi kubwa, zilizozoea kushinda kwa nguvu, hazikuitia maanani. Walioitumia kwa bidii walikuwa wengine. Katika majira ya joto ya 1906 Eddie Cochems, mwalimu wa timu ya Chuo Kikuu cha Saint Louis, aliwapeleka vijana wake kambini Wisconsin kufanya mazoezi ya pasi. Tarehe 5 Septemba, huko Waukesha, Bradbury Robinson alitupa pasi ya kwanza katika mchezo dhidi ya Carroll. Ilianguka chini, na mpira ukapotea. Baadaye katika mchezo huohuo akatupa tena, Jack Schneider akaudaka, na ikawa alama. Kama Robinson angekuwa darasani mwa baadhi yetu, je, angepewa nafasi ya pili?

Mwaka 1913 Gus Dorais na Knute Rockne wa Notre Dame walikuwa wakifanya kazi katika mahali pa mapumziko pa Cedar Point, ufukweni mwa ziwa katika jimbo la Ohio. Huko walijifunza wao kwa wao kutupa na kudaka mpira huku wakikimbia. Tarehe 1 Novemba mwaka huo walikwenda kwa jeshi la West Point wakalishinda kwa 35 kwa 13. Hawakuwa wa kwanza kutumia pasi, lakini tangu siku hiyo wakubwa hawakuweza tena kuidharau.

Haifai kutia chumvi. Vifo havikukoma mara moja. Msimu wa 1909 ulikuwa mbaya tena, na mwaka 1910 ikabidi kukataza kabisa kumsukuma na kumvuta mwenye mpira, na kuagiza watu 7 wawe kwenye mstari wa mbele. Kupata swali jema ni kazi ya kurudia.

Vijana wa Carlisle

Hatuwezi kuueleza mchezo huu bila kuitaja shule ya Carlisle, Pennsylvania. Ilianzishwa mwaka 1879 na Richard Henry Pratt ili kuwachukua watoto wa makabila ya wenyeji wa Marekani, kuwakata nywele, kuwabadili majina na kuwakataza lugha za mama zao. Wengine walifia hapo na kuzikwa hapo. Darasani watoto hao walihesabiwa kuwa watu wa kuondolewa walichonacho kabla ya kupewa chochote.

Uwanjani mambo yalikuwa kinyume. Timu ya Carlisle aghalabu ilikuwa na miili midogo kuliko wapinzani wake, na kusukumana hakukuwafaa. Wakawa miongoni mwa wabunifu wakubwa wa mchezo. Mwaka 1903 waliuficha mpira ndani ya fulana ya mwenzao, nyuma ya mgongo, akakimbia nao uwanja mzima huku Harvard wakiutafuta. Mwaka 1907 waliishinda Pennsylvania 26 kwa 6 kwa kuchanganya mbio na pasi. Mwaka 1911 waliwashinda Harvard 18 kwa 15, na tarehe 9 Novemba 1912, wakiwa na Jim Thorpe aliyekuwa ametoka kupata medali mbili za dhahabu katika Olimpiki ya Stockholm, wakawashinda West Point 27 kwa 6.

Sifa nyingi za mbinu hizo hupewa mwalimu wao, Glenn Warner, na hapana shaka alikuwa fundi. Lakini mwaka 1914 Bunge la Marekani lilipoichunguza shule hiyo, miongoni mwa waliolalamika juu ya alivyowatendea walikuwa wachezaji wake mwenyewe. Kwa hiyo hatuusimulii mfano huu ili kumsifu mtu. Tunausimulia kwa sababu unatufundisha jambo zito: vijana walewale ambao darasa liliwahukumu kuwa hawana kitu, walipokutana na swali la wazi walionyesha akili iliyowashinda maofisa watarajiwa wa jeshi. Akili hiyo haikuzaliwa uwanjani. Walikuja nayo kutoka kwao; ni darasa lililokataa kuiuliza.

Nani anafikiri?

Liko jambo la mwisho. Kwa miaka mingi sheria zilimkataza mwalimu wa timu kuwaelekeza wachezaji kutoka kando. Angeweza kuwafunza wiki nzima, lakini mchezo ukianza, kwotabeki ndiye aliyechagua. Taratibu ulinzi huo ulilegea. Sheria za kubadilisha wachezaji zilipolegezwa kuanzia miaka ya 1940, Paul Brown wa Cleveland aliweza kuwatuma wachezaji kama tarishi kupeleka amri yake uwanjani kila mara. Tangu 1994 ligi kuu ya kulipwa ya Marekani inaruhusu kwotabeki kuwa na redio ndani ya kofia yake, naye humsikia mwalimu sikioni. Bado anayo nafasi ya kusoma hali na kubadili shauri, lakini sehemu kubwa ya fikra imehamia pembeni. Mchezo una mbinu nyingi kuliko wakati wowote uliopita, na wachezaji wengi hutekeleza tu zilizofikiriwa na wengine.

Je, si hivyo katika madarasa mengi? Andalio la somo limejaa ufundi, hatua zimepangwa, zana ziko tayari. Ila fikra zote zimo ndani ya daftari la mwalimu.

Basi tunawashauri walimu wenzetu mambo matatu. Kwanza, mwanafunzi asipofikiri, badili sharti kabla ya kupandisha sauti. Katika kandanda ya shule, amuru kwamba bao halihesabiwi mpaka kila mtoto wa timu ameugusa mpira, kisha unyamaze uone. Katika somo la lugha, mwambie mtoto aeleze njia ya kwenda sokoni bila kutumia neno “kulia” wala “kushoto”. Wapo watakaosema kwamba darasa la watoto 60 halina nafasi ya mambo hayo. Tunajibu kwamba kubadili sharti hakuhitaji vifaa wala fedha, na watoto 60 huweza kulijibu swali moja kwa wakati mmoja. Pili, kila sharti tulikague kwa macho ya mtoto aliye dhaifu, yule atakayesimama mbele ya ncha ya kabari. Zoezi linalowafanya hodari wapate sifa kwa kumwaibisha mnyonge halifai, hata likiwa na akili nyingi. Tatu, mchezo ukisha kuanza, tukae kando kweli.

Lugha yetu humwita mfunzaji wa timu “mwalimu”, jina lilelile la anayesimama mbele ya ubao. Ni jina zuri, nalo litukumbushe kwamba kazi ni moja. Mwanachuo atakayekwenda kwenye mazoezi ya kufundisha muhula ujao na aandike katika andalio lake, chini ya shughuli za mwalimu, swali atakaloliuliza. Na chini ya shughuli za wanafunzi aache nafasi ya jibu ambalo yeye mwenyewe halijui bado.